Msichana Aliyekuwa Gerezani

Mtawa Vitan alisimama mbele ya kitabu. Majira yote ya baridi, katika monasteri yao karibu na mji wa Preslav, alikuwa akifasiri maisha ya Mtakatifu Evdoklia kutoka Kigiriki kuja Kislavoni, lugha aliyonyonya kwa mama yake. Leo, sikukuu ya mtakatifu, watu wa bonde zima wangeyasikia kwa mara ya kwanza. Baba Gavril, mkuu wa monasteri, hakuwa amemficha neno: ibada ikivurugika, ngozi zile alizoandikia zitakwanguliwa wino wote, ziandikwe Kigiriki. Ngozi za kondoo haziokotwi barabarani. Kisu cha kukwangulia alikuwa nacho mkandani tayari, maana mzee yule hana dogo.

Mbele alisimama mgeni kutoka Konstantinopoli, Baba Theoktisto, pua juu. Nyuma kabisa alikuwapo Dragna, mama yake Vitan, mjane mwenye sauti ya kuitia ng'ombe mlima wa pili, akimsimulia jirani habari za bata wake. Ndivyo walivyozoea. Kigiriki kilipita juu ya vichwa vyao pamoja na ubani, nao wakapiga soga chini kwa chini mpaka igawiwe ngano ya asali iliyopikwa kwa ajili ya sikukuu.

Vitan akaanza kusoma. Soga zikakatika. Alipofika pale hakimu anapomwahidi Evdoklia nyumba na bustani ili amkane Mungu, sauti ikapaa kutoka nyuma.

"Usimsikilize huyo, binti! Anakudanganya!"

Vitan alitamani sakafu immeze.

"Mama Vitan, hebu nyamaza," jirani akamvuta mtandio.

"Ninyamaze nini, na mtoto wa watu anatishwa?"

"Kweli kabisa!" akadakia mhunzi. "Hakimu gani huyo? Jambazi mtupu!"

Kanisa likageuka soko. Baba Gavril akaja mbio, akakifunga kitabu pap, Evdoklia akiwa ndiyo kwanza ametiwa gerezani.

"Imetosha! Nendeni mkale ngano."

Hakuna aliyesogea. Siku nyingine wangekuwa wameshakanyagana mlangoni.

"Samahani, Baba," Dragna akasema. "Tutakulaje na msichana bado yumo ndani? Anatoka lini?"

Theoktisto akataka kujua mama yule anasema nini. Vitan akamfasiria, uso ukimwaka kwa aibu. Mgeni akamgeukia Baba Gavril.

"Nasoma kisa hiki tangu sijaota ndevu," akasema. "Hakuna aliyewahi kuniuliza kinaishaje. Mwache asome."

Baba Gavril akaguna, akakifungua kitabu.

Vitan alijua kinachokuja, na alimwonea mama yake huruma. Akasoma hata hivyo, mpaka upanga uliposhuka. Safari hii hakuna aliyepayuka. Dragna alikuwa amejifunika uso kwa mtandio.

Baadaye Baba Gavril alimkabidhi Vitan kitabu, kisha akachomoa na kisu.

"Chukua. Kachongee kalamu, bado watakatifu wengi."

Vitan akatoka nje karibu aruke kwa furaha. Alimkuta mama yake peke yake ukutani, bakuli la ngano mkononi, hajaigusa.

"Umekasirika, mama?"

"Kila mwaka siku hii nakuja hapa," Dragna akasema. "Nakula, nacheka, naomba niongezwe. Kumbe ni matanga ya mtoto, na hakuna aliyeniambia."