Kabati la Bi Kadi

Wapagazi wawili walikuwa wameshalifikisha kabati kwenye ngazi pale Bi Kadi alipowaomba walitue. Lilikuwa na droo arobaini, na kadi zote za faharasa ya ensaiklopedia ya shule zilizokuwamo aliziandika yeye, kwa mkono. Sharti lake halikubadilika hata siku moja: kadi haiingii drooni kabla hajausoma ukurasa inaoutaja. Wengine walimwita mkaidi. Mkaidi kweli alikuwa, tena wa kupigiwa mfano.

Sasa mkurugenzi mpya alikuwa ameleta mashine iliyomaliza kazi yote ya faharasa kwa siku mbili. Kabati liende jaani, na Bi Kadi aende nyumbani akapumzike, kana kwamba kuna aliyemsikia akilalamika kuchoka.

"Nipe jina moja tu, mwanangu," alisema. "Mashine ikipatia, nitashika upande mmoja wa kabati nilipeleke jaani mwenyewe."

Mkurugenzi alitabasamu, akafungua rundo la karatasi za mashine zilizosubiri kuchapwa, akaweka kidole popote na kuanza kusoma kwa sauti.

"'Mtindo wa tatuu za mgongoni, uliofukuliwa na wanaakiolojia kwenye magofu ya Wamaya. Una mahekalu matatu, magurudumu mawili...'" Sauti ikaanza kufifia. "'...na msimu uliopita ulifungwa mabao tisa.'"

Mpagazi mmoja aliangua kicheko. Mkurugenzi hakucheka.

Bi Kadi alivuta droo bila hata kuangalia herufi, akampa kadi nne: mtindo wa tatuu, mji wa kale wa Wamaya, pikipiki, timu ya mpira.

"Wanalingana jina tu hawa," alisema. "Hata undugu wa kuombana chumvi hawana."

"Wako wangapi wa namna hii?"

"Mia sita na ushei. Nawajua wote."

Mkurugenzi alizitazama kadi, akalitazama rundo.

"Nisamehe, mama. Hakitachapwa kitu humu kabla hujakipitia wewe."

Furaha ilimjaa Bi Kadi mpaka kooni, naye hakujisumbua kuificha. Mkurugenzi alivua koti, akamsogeza mpagazi mmoja kando na kushika kabati yeye mwenyewe, kulirudisha lilikotoka.

"Taratibu hapo kwenye kona," Bi Kadi alimwambia, wala hakunyoosha kidole kumsaidia.