Mwalimu Mokua wa Chumvi

Priscilla alikuwa amesikia filamu nyingi kuliko watu wengi wa Migori, na hakuwa ameona hata moja. Kibanda chake cha kushonea nguo kilipakana na ukumbi wa video, mabati kwa mabati, na mumewe Mosoti ndiye aliyekuwa sauti ya ukumbi ule. Filamu zilikuja na lugha za huko zilikotoka. Mosoti aliketi kando ya skrini na maikrofoni yake, akazieleza kwa Kiswahili, akawapa wageni wa kwenye filamu majina ya watu wa Kuria na Nyatike, akawatania, na wakizidiwa akawaombea. Priscilla ni Msabato aliyeshika dini, na kanisani kwao kumbi kama hizo hazikutajwa kwa wema. Basi walikubaliana tangu mwanzo wa ndoa kwamba yeye hataingia na mumewe hatamwita. Lakini mabati hayazuii sauti. Alikuwa akipinda pindo za sare za shule huku akisikia majambazi wakikimbizwa kutoka Awendo hadi Isebania.

Zilizopendwa kuliko zote ni filamu za kugeuka. Mtu wa maabara anachanganya hiki na kile, anakunywa au anamwagikiwa, halafu pole pole anaanza kuwa kitu kingine. Siku za soko wachimbaji dhahabu wa Macalder walijaa kwa ajili ya hizo, maana nao wamezoea kuona vitu vikigeuka. Wao huchanganya zebaki na mchanga waliousaga, wakaiangalia ikikusanya dhahabu, kisha wakaichoma mpaka uweupe uondoke na ubaki umanjano. Hawakuwa watazamaji wapole.

"Moto huo ni mdogo," mmoja angesema katikati ya filamu. "Hapo hakuna kitu kitatoka."

"Mkubwa, njoo upulize wewe," Mosoti angemjibu kwenye maikrofoni.

Na kila filamu ilipokaribia kwisha alitoa salamu zile zile: "Mama Roselyn, bandika sufuria, naja." Ukumbi ulicheka. Upande wa pili wa mabati, Priscilla alikunja kitambaa, akafunika cherehani, akaenda kubandika sufuria kweli.

Mosoti alizikwa kwao Gusii mvua za masika zilipoanza. Ilikuwa figo. Alikuwa amemwambia mkewe ni presha tu, daktari amemkataza chumvi, basi, hakuna kingine. Priscilla akapika bila chumvi, na Mosoti akala akisifu mboga kama mtu aliyealikwa harusini. Baada ya mazishi aliendelea kupika vile vile, bila kukumbuka kwamba anafanya hivyo. Chakula kiliingia na kushuka. Wanawake wa kanisa walimwambia alie, itamsaidia. Alijaribu. Ilikuwa kama kutafuta kitu ndani ya mkoba wa mtu mwingine.

Siku moja Yakub akaja kibandani. Ukumbi ulikuwa wake, na alikuwa pia na duka la redio na simu kule Homa Bay. Watu wake walitoka Isiolo, lakini yeye alikuwa Migori tangu ujana. Alikalia benchi la wateja na kuweka kofia yake juu ya goti.

"Mama Roselyn, kuna filamu Mosoti hakumaliza."

"Mpe mwingine amalize, Baba Sumeya."

"Yuko kijana wa Kisumu. Anasema hawezi kuingia katikati ya sauti ya mtu. Atafuta yote, aanze mwanzo."

Priscilla aliendelea kukanyaga cherehani. "Si kuna zingine? Ameongea miaka yote hiyo."

"Ameongea ukumbini. Hakuna mtu alirekodi. Akimaliza kuongea, imeenda na hewa. Hii ndiyo ya kwanza tulirekodi, ya kuuza kwa flashi, na ndiyo hiyo akaiacha." Yakub aliigeuza kofia. "Naweza kukupa kipande chake ukae nacho nyumbani. Lakini sauti ya Mosoti haikuwa ya kuwekwa kabatini. Ilikuwa ya watu. Na filamu isiyo na mwisho hakuna mtu atanunua, hata kwa huruma."

"Sasa mimi nifanye nini?"

"Umalize wewe."

"Mimi sijawahi kuona filamu."

"Lakini umemsikiliza kuliko sisi wote. Nani mwingine anajua angemalizaje?"

Priscilla alitafuta sababu ya kukataa. Hakuipata, wala hakupata hamu ya kukubali. Alisema sawa kwa sababu uzi ulikuwa umekwisha kwenye bobini na ilibidi asimame hata hivyo.

Jumapili alikuwa Homa Bay, kwenye chumba nyuma ya duka la Yakub. Kuta zilikuwa zimefunikwa kwa magodoro na mablanketi ili kelele za barabara zisiingie. Sumeya, binti mkubwa wa Yakub, aliyewahi kusomea mambo ya kompyuta Kisumu, alimsogezea kiti na kumvalisha hedifoni taratibu, akihadhari na kitambaa chake cha kichwa.

"Tuanze mwanzo, mama, ujue alipofika."

Filamu ikaanza. Kwanza palikuwa na chupa tu. Maji ya bluu yalitiwa tone moja, yakawa meupe kama hayakuwahi kuwa bluu. Senti ya shaba ilitumbukizwa mahali, ikatoka na ukungu wa kijani. Kisha uzi ulining'inizwa ndani ya bilauri, na chumvi ikaanza kuota juu yake, chembe kwa chembe, pembe kwa pembe, mpaka uzi haukuonekana tena. Priscilla aliutazama ule uzi kwa jicho la fundi. Hakuwa amewaza kwamba filamu zinaweza kukaa kimya hivyo.

Kisha Mosoti akaongea masikioni mwake.

"Huyu ni Mwalimu Mokua wa kemia, mtoto wa Ntimaru. Ana mke nyumbani, lakini mke mkubwa ni hizi chupa."

Sumeya alicheka na kujifunika mdomo. Priscilla alisubiri kitu kitokee ndani yake. Hakikutokea. Ilikuwa sauti ya Mosoti, kama ilivyokuwa siku zote nyuma ya mabati, na yeye alikaa akiisikiliza.

Mwalimu Mokua alichovya kidole kwenye bilauri. Siku iliyofuata ukucha ulikuwa mweupe, halafu kidole, halafu mkono ukashika chembe ndogo ndogo zinazong'aa. Alijichoma kwa sindano asisikie, akatabasamu. Mosoti akasema, "Sasa hata mama akimfinya hasikii kitu. Wanaume wa Migori, dawa hii haiuzwi, msiniulize."

Ikaja meza ya chakula. Mwalimu aliuficha mkono chini ya meza. Mkewe, mwanamke mwembamba mwenye nywele zilizofungwa, aliweka sahani chini, akamtazama, akasema neno.

"Mke anauliza kuku wameenda wapi," Mosoti akaeleza. "Mwalimu anajibu, kuku wako salama."

Kwa kusikia tu, Priscilla angetabasamu, kama alivyotabasamu kwa kuku wa filamu nyingi zilizopita. Lakini sasa alikuwa akiona. Mwanamke yule hakuwa akiuliza kuku. Mdomo wake ulikuwa ukitetemeka, na mkono wake ulikuwa umevuka meza ukitafuta ule uliofichwa.

Kisha daktari akatokea, mzee mwenye koti jeupe. Aliushika mkono wa Mwalimu, akaugeuza, akavua miwani na kuiweka mezani.

"Daktari anasema ni presha tu," Mosoti akasema. "Apunguze chumvi."

Sumeya alianza kucheka, akaacha.

"Rudisha hapo," Priscilla alisema.

Sumeya akarudisha. Miwani ikawekwa mezani tena. Ni presha tu. Apunguze chumvi. Kabla ya neno chumvi palikuwa na pumzi fupi, ambayo mtu asiyeishi naye asingeisikia. Basi Mosoti alijua si presha. Aliketi kwenye kiti hiki, akaitazama picha hii, akawapa watu wote uongo ule ule aliompa yeye jikoni.

Alitegemea kukasirika. Aliona tu, kama fundi anavyoona mkono wa shati ulioshonwa upande usio wake.

"Endelea, mwanangu."

Uweupe ulipanda begani, ukafika shingoni. Mwalimu alifungua mlango wa nyumba. "Sasa Mwalimu Mokua anatoka nje," Mosoti akasema. "Anataka..." Kikafuata kikohozi. "Yakub, ngoja kidogo. Nipumzike."

"Ni hapo," Sumeya alisema kwa sauti ya chini.

Kilichobaki wakakitazama bila sauti. Mwalimu, mweupe wote, alisimama uwanjani. Mkewe alimfuata akiwa na koti. Mvua ikaanza. Mabega ya Mwalimu yakawa mviringo, masikio yakalainika, uso ukapotea kidogo kidogo kama sukari kwenye ulimi wa mtoto. Mwanamke alijaribu kumfunika. Mwishowe alibaki ameshika koti lenye maji, na maji yale yakaenda meupe kwenye mfereji.

Yakub alikuwa ameingia na kusimama mlangoni. "Hiyo ni ngumu," alisema. "Mfanye apone. Sema hiyo ni dawa inatoka mwilini, kesho atarudi shule. Watu hawajui lugha ya filamu hii, watakuamini."

Priscilla aliyapima yote mawili. Akisema mambo kama yalivyo, kuku wote wa Mosoti na presha yake vingekuwa uongo mbele ya watu, na sauti yake ingeuzwa kama sauti ya mwongo. Akisema amepona, atakuwa amemfanyia yule mwanamke wa koti kile alichofanyiwa yeye.

"Weka," alimwambia Sumeya.

Taa nyekundu ya maikrofoni ikawaka. Mlango wa nyumba ukafunguka.

"Mwalimu Mokua anataka kuoga," Priscilla alisema.

Sauti yake ilikuwa ya chini, isiyopanda wala kushuka, sauti ya kumwambia mteja nguo iko tayari. Mvua ikaanza.

"Mvua imekuja, ataoga nayo. Mke amemletea koti. Mke anajua hakuna kuku. Alijua tangu mezani. Aliacha tu, kwa sababu Mwalimu alikuwa anaongea vizuri."

Hakujua kama hayo ni kweli juu ya yule mwanamke, au juu yake mwenyewe. Alikuwa ameshayasema.

"Mabega yanaenda. Sasa masikio. Sasa uso." Alingoja picha imfikie. "Mwalimu Mokua amekwisha."

Koti lilibaki kwenye skrini kwa muda mrefu. Hapo ndipo Mosoti angetoa salamu zake.

"Baba Roselyn," alisema, "nimeepua sufuria."

Taa ikazimwa. Sumeya alikuwa akitazama kibodi.

"Turudie, mama? Sauti iko chini sana ukilinganisha na yake."

"Hapana."

"Watu watalalamika," Yakub alisema. "Watataka apone."

"Waambie walalamikie Ntimaru."

Yakub alicheka kidogo, bila kutaka. Akachukua hedifoni, akasikiliza mahali sauti mbili zilipokutana, ile ya kikohozi na ile inayosema Mwalimu anataka kuoga. Alirudia kusikiliza. "Itakaa," alisema. "Nitamwambia yule wa Kisumu asije."

Priscilla alishuka mpaka hoteli ndogo karibu na ziwa, kwa sababu Yakub alisisitiza asirudi Migori na njaa. Mwenye hoteli alimletea ngege wa kuchemsha na ugali, na kando kisahani cha chumvi kwa anayetaka kuongeza. Alinawa, akaomba, akala. Samaki aliingia na kushuka. Alifika nusu ya sahani ndipo akakiona kile kisahani.

Alikitazama. Chembe zake zilikuwa na pembe, kama zile za kwenye uzi. Alichota kidogo kwa vidole viwili, akaweka ulimini bila samaki.

Ilikuwa kali. Macho yalimwuma. Alimeza, akanyoosha mkono, akachota tena.