Kiboko wa Bangwe

"Haki ya Mungu, haya yote ni kweli tupu," Mzee Vedasto alimwapia ofisa usafirishaji. Alikuwa ameomba basi lake la Kasulu, analoliendesha mwenyewe, liondoke saa mbili asubuhi badala ya saa kumi na mbili, na abiria walikuwa wameitwa kutoa maoni. "Kila alfajiri kiboko hulala barabarani pale Bangwe. Nikimpigia honi, anapiga miayo mpaka taa za basi zinazimika. Nikiongopa, nawanywesha chai nyote!"

Watu walicheka. Yeye hakuhisi kitu, kama fizi iliyochomwa sindano ya ganzi.

Brigita, muuza dagaa, akasimama. "Shikamoo, Mzee. Mimi jirani yako hapohapo Bangwe. Huyo kiboko ananikwepa mimi tu?" Kisha akashusha sauti. "Sema tu, Mzee. Aliyekuwa anakuamsha ni mkeo Genoveva, na tumeshamzika."

Vedasto aliitazama mikono yake kama ya mtu mwingine.

"Saa ibaki ileile," Brigita alimwambia ofisa. "Dagaa wangu hawangoji jua. Dirisha lake nitaligonga mimi."

Vedasto aliitikia kwa kichwa, akatoka kwenda kwa mama ntilie kuagiza chai ya watu wote. Akaagiza na ya Genoveva, isiyo na sukari.