Chumba cha Watu Wanne

Redio alipewa jina hilo chuoni, miaka kumi na miwili nyuma, kwa sababu akishaanza kuongea hakuna wa kumzima. Siku hizi ni fundi umeme wa hospitali, mama wa watoto wawili, kiunoni ananing'iniza rundo la funguo, lakini mdomo ni ule ule. Ijumaa jioni alimpigia Penseli simu na hata salamu hakutoa.

"Kesho saa tisa alasiri. Nafungua chumba cha faragha, watu wanne tu, mlango kufuli. Namba za kuingilia nakutumia sasa hivi. Usimpe mtu."

"Kesho nina kazi, Redio."

"Huna. Nimeshamuuliza mkeo."

Penseli alimtupia mkewe jicho. Mke alikuwa ameinamia cherehani, anapitisha mshono kwenye mguu wa suruali, kajifanya hamnazo.

"Hao wanne ni akina nani?"

"Mimi, wewe, Rangi, na mtu mmoja. Saa tisa." Akakata.

Gemu lenyewe waliliita Kivuko, ingawa lilikuwa na jina jingine refu. Linachezwa wawili kwa wawili, na kila timu ina mizigo ya kuvusha mto. Mmoja anapakia jukwaa, mwenzake yuko ng'ambo kwenye mtambo wa kuvuta kamba. Mtambo ukiwashwa mapema, mpakiaji anatumbukia majini na mizigo yake. Ukichelewa, timu nyingine inakupita. Kwa miaka minne Jumamosi zao zilikuwa za gemu hilo. Mwanzoni walicheza kwenye vyumba vya wazi, wakachanganyika na watu wasiowajua, mpaka siku kitoto kimoja chenye sauti kama filimbi kilipomtukania Rangi mama yake. Rangi ni fundi wa kupaka rangi majumba, mtu mpole wa kuomba radhi hata akikanyagwa yeye. Alishinda siku nzima hana raha. Tangu hapo Redio akawa anafungua chumba chao wenyewe. Anapanga muda, anapanga timu, anagawa namba kama mwenye nyumba anayegawa funguo.

Kisha Jumamosi hizo zikakoma, kwa sababu ya yaliyompata yule wa nne wao, Kushoto.

Kushoto na Penseli walikuwa maseremala wa karakana moja, meza zao zikitazamana. Mmoja aliitwa Kushoto kwa sababu alishika kila kitu kwa mkono huo, nyundo, kalamu, kikombe cha chai. Mwingine aliitwa Penseli kwa sababu hakuna aliyewahi kuliona sikio lake likiwa tupu. Asubuhi ya Jumanne moja, miezi minane iliyopita, kipande cha mbao kilibana kwenye msumeno wa meza. Swichi ya mashine ilikuwa mbovu, kwa hiyo ilizimwa na kuwashwa ukutani, hatua nne kutoka mezani. Penseli alizima, akasimama pale ukutani. Kushoto akainama kukitoa kile kipande. Upande wa pili wa karakana mashine ya kuranda ilikuwa inapiga kelele za kupasua masikio. Kushoto akatamka neno moja. Penseli akasikia "washa", akawasha.

Vidole vitatu vya mkono wa kulia vikaenda.

Penseli ndiye aliyemfunga ule mkono kwa shati lake mwenyewe, ndiye aliyempakia kwenye gari, ndiye aliyekaa kwenye benchi la hospitali mpaka daktari alipotoka na kusema mgonjwa hayuko hatarini tena. Hapo kwenye benchi ndipo wazo lilipomjia, likakaa, likagoma kuondoka: je, kama alisema "acha"? Washa, acha. Katika kelele zile nani angetofautisha? Alilirudia neno kichwani mpaka likapoteza sura. Akainuka, akaenda zake nyumbani, na hospitali hakurudi tena. Siku ya pili alijiambia mgonjwa aachwe apumzike. Wiki ikapita akajiambia kazi zimembana. Mwezi ulipokatika, aibu ya kutokwenda ilikuwa imemzidi kimo, na hakujua mtu anabishaje hodi nyumbani kwa watu akiwa na aibu ya mwezi mzima mgongoni.

Hakumwambia yeyote, hata mkewe. Mkewe alijua tu kwamba mumewe hamalizi sahani, na ukimsemesha leo anakujibu swali la jana. Kazini nao walijua kwamba ukimwomba Penseli awashe chochote, hata feni, atakuuliza mara tatu: "Umesema washa? Niwashe? Washa, eti?" Walimwiga na kumcheka. Yeye akacheka nao, kisha akauliza mara ya nne.

Jumamosi ilipofika saa tisa kasorobo, mkewe alimwekea simu na visikilizio mapajani.

"Cheza. Ukiendelea kukaa hapo unanitazama, nitakushona na wewe."

Penseli akaingiza namba sita. Kioo kikazungukazunguka, chumba kikafunguka, majina yakajipanga: Redio. Rangi. Na chini yao jina asilolijua, Vidole Saba.

Kidole gumba chake kilikwenda chenyewe kwenye alama ya kutoka.

"Asitoke mtu!" Redio akafoka masikioni mwake. "Sikuoni, Penseli, lakini najua unachotaka kufanya. Chumba changu, sheria zangu."

"Penseli," ikaja sauti nyingine, nzito, ya pole pole, ile ile. "Upo?"

"Nipo." Alijisikia kama mtu anayeongea na unga mdomoni.

"Naona jina langu halijakuchekesha. Rangi alicheka mpaka akaomba radhi."

"Samahani," Rangi akasema.

"Umeona? Anaomba tena."

Redio hakumpa mtu nafasi ya kufikiri. Alimweka Rangi upande wake, akawaweka wale wawili timu moja, Kushoto mpakiaji, Penseli mtamboni. Penseli akajaribu kusema kwamba afadhali wabadilishane. Redio akamjibu kwa kubonyeza anza.

Kushoto alikuwa mwepesi kuliko zamani. Mkono wa kushoto ulifanya kazi yote na kidole gumba cha kulia kilisaidia, na mizigo ilipanda jukwaani mmoja baada ya mwingine huku akihesabu kwa sauti. "Tisa. Kumi. Wa mwisho huu, kumi na moja. Haya, washa!"

Penseli alisikia vizuri kabisa. Hapakuwa na mashine ya kuranda, hapakuwa na kelele yoyote ila cherehani ya mkewe. Lakini kidole hakikushuka.

"Washa, bwana!"

"Umesema washa?"

"Nimesema washa! Wanatupita!"

"Umeshatoa mkono?"

Neno lilikuwa limeshatoka. Kwenye kioo, mpakiaji wa Kushoto alisimama juu ya jukwaa akisubiri, na ng'ambo jukwaa la Redio lilikuwa limeshafika. Rangi akasema samahani kwa kushinda.

"Redio," Kushoto akasema. "Zima sauti yako. Na Rangi pia. Dakika tano."

"Mimi nizime?"

"Wewe."

Akazima. Kwa miaka kumi na miwili hakuna aliyewahi kufanikiwa.

"Penseli. Mpakiaji wa gemu ana mkono gani wa kutoa?"

Chumbani cherehani ilikuwa imenyamaza. Penseli alijua mkewe anasikiliza, akaona potelea mbali.

"Siku ile ulisema nini?" akauliza. "Niambie ukweli wako wote, Kushoto. Ulisema washa, au ulisema acha?"

"Acha? Nani kakwambia acha?"

"Hakuna. Ni mimi mwenyewe. Zile kelele... nimejaribu kukumbuka, kila nikikumbuka linakuja tofauti."

Kushoto akashusha sauti.

"Nilisema washa. Kile kipande nilikuwa nimeshakitoa, nimesimama wima, nikasema washa. Kisha nikaona kijiti kimebaki kwenye meno ya msumeno, kama njiti ya kibiriti hivi. Kisingezuia kitu. Wa kushoto ulikuwa na mbao, nikapeleka wa kulia nikitoe, kwa sababu tu kilinikera. Kumbe wewe ulikuwa umeshageukia swichi. Ungeona wapi?"

Kitu kilichokuwa kimemkaba Penseli kifuani tangu lile benchi kiliachia kwa mkupuo mmoja, hata akaona kizunguzungu na kushika mkono wa kochi. Alivuta pumzi, ikaingia. Akavuta nyingine, ikaingia mpaka chini kabisa, mahali alipokuwa amesahau kwamba pumzi hufika. Machozi yalikuwa yanamtiririka na alikuwa hana habari nayo.

"Upo?" Kushoto akauliza.

"Nipo."

"Mimi nilidhani unajua. Niliamini kwamba uliona. Mwenye karakana nilimwambia kosa ni la swichi mbovu. Mama yangu nilimwambia mashine ilijiwasha. Sikutaka vidole vipotee na juu yake niitwe mjinga. Wewe ukanyamaza, hukunisuta, na hukuja kuniona. Nikasema, huyu kanifichia siri lakini hataki tena kunitazama usoni."

"Mimi nisitake kukutazama?"

"Ndivyo nilivyodhani."

"Miezi minane, Kushoto!"

"Miezi minane. Wewe huko, mimi huku, wapumbavu wawili."

Wakacheka, kicheko kibovu cha watu wenye makamasi. Kisha Kushoto akaacha kucheka.

"Lakini hilo la kutokuja, sikufichi. Siku ya tatu nilipopata fahamu zangu vizuri nilitazama mlango wa wodi mpaka shingo ikaniuma. Kila anayeingia, si wewe. Liliniuma kuliko mkono."

"Niliogopa."

"Sasa najua. Liliniuma vile vile."

"Nisamehe."

"Nitakusamehe. Nipe muda, na uje."

"Nakuja kesho."

"Njoo na vifaa, basi," Kushoto akasema. "Mama ana kazi."

Hapo Redio akarudi hewani kama bomba lililokuwa limezibwa. Dakika tano zilikuwa zimekuwa kumi na moja, alisema, chumba amekilipia yeye kwa muda wake wa mapumziko, na kama kuna anayetaka kulia alie huku anacheza. Sauti yake mwenyewe ilikuwa inatetemeka. Rangi ndiye aliyemtobolea siri baadaye: wiki mbili nzima Redio alikuwa akiwapigia huyu na huyu, akimhakikishia Kushoto kwamba Penseli ndiye anayemuulizia.

"Nilidanganya kidogo," Redio akasema. "Mnataka kunifunga?"

Walicheza michezo sita. Katika wa pili Kushoto aliita washa na Penseli akawasha papo hapo, jukwaa likavuka salama, naye akajikuta amesimama juu ya kochi. Katika wa nne alipagawa, akawasha mizigo haijafika hata nusu. Mpakiaji wa Kushoto alitumbukia mtoni na masanduku yote yakamfuata.

"Sasa *hilo*," Kushoto akasema, "ni kosa lako," na akacheka mpaka akakohoa, na Rangi akacheka, na Redio akapiga yowe lililowaamsha wanawe waliokuwa wamelala mchana.

Walipoagana Penseli alivua visikilizio na kumkuta mkewe kakaa pembeni yake, suruali ya watu mapajani, sindano mkononi.

"Hilo ndilo lililokuwa linakula nyumba hii?" akauliza.

"Ndilo."

"Na hukuniambia."

"Sikuweza."

Mkewe alimfuta shavu kwa upindo wa ile suruali, kisha akaenda jikoni. Penseli alikula sahani mbili, kati ya tonge na tonge akimsimulia yote tangu mwanzo, na mkewe hakumkatiza hata mara moja.

Jumapili saa nne asubuhi alibisha hodi, randa na bisibisi zikiwa kwenye mkoba. Aliyefungua alikuwa mama yake Kushoto, na alifungua kwa taabu, kwa sababu mlango ulikwaruza sakafu ukakwama katikati.

"Wewe ndiye Penseli. Pita kwa ubavu, mwanangu, haufunguki zaidi ya hapo. Tangu mvua zile umevimba. Nina fundi ndani ya nyumba, kila siku naambiwa kesho." Akashusha sauti, ingawa si sana. "Jana kaniambia mashine haikujiwasha. Miezi yote hii natukana mashine ya watu!"

Kushoto alitokea nyuma yake, kapungua mwili kidogo, ndevu zimemjaa. Wakasimama wakitazamana, kisha Kushoto akanyoosha mkono wa kulia, uleule, na Penseli akaupokea kwa mikono yake miwili. Ulikuwa na joto na nguvu. Kushoto aliuliza kama randa imenolewa.

Waliung'oa mlango kwenye bawaba zake, wakaulaza ubavu juu ya viti viwili uani. Penseli aliushikilia. Kushoto alishika randa kwa mkono wa kushoto, akaiongoza mbele kwa vile vidole viwili vya kulia. Mara ya kwanza iliteleza, ya pili ikachimba, ya tatu ikatoa ukanda mrefu wa mbao uliojiviringisha mpaka chini. Penseli hakumwambia chochote kuhusu zile mbili za kwanza.

"Jumatatu ijayo wananitaka chuoni," Kushoto akasema bila kuinua macho. "Kufundisha mwaka wa kwanza kupima na kuchora. Sijawajibu."

"Wajibu."

"Nitawajibu."

Walipourudisha, mama mtu aliufungua na kuufunga mara kumi, akaenda kuwaita majirani waje wausikie usivyotoa sauti. Kushoto alitoka naye kueleza kazi ilivyofanyika. Penseli alikaa kwenye kiti cha sebuleni kuwasubiri, akaegemeza kichwa ukutani.

Waliporudi walimkuta amelala fofofo, mdomo wazi, bisibisi mkononi. Kushoto alitaka kumwamsha anywe chai.

"Mwache," mama yake akasema, akaichomoa ile bisibisi taratibu na kuiweka mezani. "Hujui amelala lini mara ya mwisho."