Marehemu Kafaulu

Kila asubuhi, kabla ya kwenda kufua nguo za watu, dada alifunga daftari la kaka yake, akaugeukia ukuta na kujijibu kwa sauti. Ndivyo kaka alivyosoma: soma ukurasa, funika, jiulize, jibu. Ukikosea, rudi mwanzo. Homa ilimchukua kaka miaka miwili nyuma, wiki tatu kabla ya mtihani wa utumishi wa umma. Fomu na vyeti vyake vikabaki huko huko kwenye ofisi ya wilaya alikoomba kazi. Nyumbani yakarudi madaftari tu. Kila alipokosea, dada alimsikia kaka nyuma ya shingo yake: "Usikimbilie, mdogo wangu." Hakuthubutu kugeuka. Alirudi mwanzo.

"Soma, mama," mama yake alimwambia. "Mikono imeshachubuka vya kutosha."

Ilikuwa mara yake ya mwisho kufanya mtihani huo. Mwakani angekuwa amevuka umri.

Siku ya matokeo alisukumana na wenzake hadi kwenye ubao. Jina lake halikuwepo. Akaanza tena juu, kidole kwenye karatasi, kikagota kwenye nafasi ya nane. Majina matatu, yote ya kaka yake. Na namba ile ile ya fomu. Alisubiri ile sauti iseme neno.

Akaenda dirishani kwa karani.

"Huyu wa nane ni kaka yangu."

"Hongereni. Mbona umenuna?"

"Amekufa, mzee. Tulimzika wenyewe."

Karani alipekua jalada, akacheka puani. "Dada, huyu ameshasaini. Yuko kazini tangu mwezi uliopita."

"Matokeo si yametoka leo?"

"Kwenu nyie ndiyo leo." Akamtazama vidole vilivyokunjamana kwa maji. "Kwa hiyo marehemu kafaulu, wewe mzima umefeli. Nani mvivu hapo?"

Watu wa nyuma wakacheka.

"Nataka kulalamika."

"Leta cheti cha kifo."

"Hatukuwahi kuchukua."

"Basi una bahati, vinatolewa humu humu. Chumba namba nne. Msajili mpya ndiye anayesaini."

Alikaa kwenye benchi, akasogea kila mtu alipoingia, mpaka zamu yake ikafika. Mezani palikuwa na kibao kipya, kimeandikwa majina matatu ya kaka yake. Nyuma ya kibao, mwanamume asiyemfahamu, mwenye shati lililonyooshwa vizuri, alivuta fomu, bila kuinua uso.

"Jina la marehemu?" aliuliza, kalamu tayari mkononi.