Kitambaa cha Kabatini

"Mvule mtupu huo," mzee mwenye nyumba alimwambia fundi rangi, akiligonga kabati kama anayebisha hodi. "Kuupaka rangi ni wazimu, lakini mke wangu kang'ang'ania. Kandamiza msasa, usiogope." Akaenda zake kunywa chai.

Fundi hakubisha. Alitoa kitambaa cha kufuma kilichofunika kona, akakuta ganda la mbao, jembamba kama karatasi, limebanduka. Ndani ulikuwa unga wa mbao ulioshikwa kwa gundi. Alipoinua macho, mama mwenye nyumba alikuwa amesimama mlangoni.

"Mzee anajua?" fundi aliuliza.

"Miaka thelathini namfichia," mama alijibu kwa sauti ya chini. "Sasa kitambaa kimechakaa. Paka mara mbili, baba."