Kivuli cha Rufina

Jicho la kushoto la Don Evaristo lilishakufa. La kulia lilibaki na ukingo tu, kama sufuria iliyobaki ukoko, na daktari alimwambia hata huo ukoko hautafika Krismasi. Ndiyo maana mzee alikubali kuketi kwenye baridi ya mtaa wa Barracas, katika ua wa kiwanda kilichofungwa, akinyonya chai yake ya majani ya mate kwa mrija wa chuma. Alitaka kumwona Rufina akitembea. Maisha yake yote alimchora mwanamke huyo kwenye majarida ya katuni, na maisha yake yote Rufina alisimama tuli ukutani. Leo filamu ingempa miguu.

"Weusi wa kivuli chenu ni kijivu," aliwaambia mafundi wa filamu. "Kama supu ya mgonjwa."

Ofelia, mwongozaji, alikuwa akihamisha taa tangu asubuhi. "Don Evaristo, kwenye mchoro wako kivuli cha Rufina kinakwenda kushoto, cha mlango kinakwenda kulia. Ulikuwa na majua mangapi?"

"Niliyoyahitaji, mwanangu. Hakuna taa itakayokupa hicho kivuli."

"Mwanga ukiisha leo, wenye filamu wanalifuta tukio hili."

"Basi niletee rangi nyeusi. Na brashi ya kupakia kuta, siyo hivyo vijiti vya kope."

Marisol, mwigizaji, akasimama ukutani. Mzee akampapasa bega, akaanza kupaka kivuli kando yake.

"Usipumue, binti. Nikikunenepesha utanishtaki."

"Rufina wako ana kiuno cha nyigu, babu. Mimi nakula empanada za nyama."

Kamera ikawashwa. Safari hii weusi ulikuwa weusi, hata Ofelia akatabasamu. Marisol akajitoa ukutani, akapiga hatua, na kivuli kikabaki nyuma kimeganda. Mafundi wakaanza kucheka. Ofelia akajishika kichwa. Jua lilishaingia nyuma ya mabohari. Hapakuwa na mwanga wa kurudia.

Don Evaristo aligeuza kichwa upande, kama kuku anayekagua punje. Koti la kijivu la Marisol lilikuwa limekwisha kufika getini, lakini jicho la mzee lilishindwa kulishika. Liliushika ule weusi tu, umesimama palepale.

"Ofelia, mbona Rufina hatembei?"

Ua mzima ukatazama chini. Ofelia akachuchumaa kando yake, akamshika mkono uliojaa rangi.

"Anaanza sasa hivi, Don Evaristo."

Mzee akaukodolea macho ukuta, asithubutu kupepesa, isije ikampita hatua ya kwanza.